Barua ya wazi: Viandikeni visiwa ndani ya mkataba wa satelaiti

Kwa Waheshimiwa Mawaziri wa Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar na wa Serikali ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania mnaosimamia fedha, biashara na mawasiliano, na kwa Waheshimiwa Wajumbe wa Baraza la Wawakilishi.

Assalaamu alaykum.

Waheshimiwa, mimi ni wakala wa forodha hapa Unguja. Natoa mizigo ya watu bandarini Malindi na uwanja wa ndege, na kitabu cha ushuru cha Jumuiya ya Afrika Mashariki ndicho ninachokifungua kila siku ya kazi. Katika sura ya 88 ya kitabu hicho, baada ya helikopta na ndege, umo mstari ambao sijapata kumjazia mteja yeyote. Namba yake ni 8802.60: vyombo vya anga za juu, zikiwemo satelaiti, pamoja na roketi za kuvirushia. Nawaandikia kwa sababu naamini siku ya mstari huo inakuja, na nachelea usije ukajazwa kwa haraka huku wenyewe tumekaa nje.

Mwaka 2023 Mheshimiwa Rais Samia Suluhu Hassan alisema hadharani kwamba Tanzania imo katika mipango ya kurusha satelaiti yake. Neno hilo nililipokea kwa furaha, na bado ninayo. Ombi langu ni moja tu, na mengine yote nitakayoyasema yanatokana nalo. Mkataba wa kuinunua satelaiti hiyo usitiwe saini mpaka Unguja na Pemba ziwe zimeandikwa ndani yake kwa majina yao, pamoja na kitakachoshuka katika ardhi yao na kazi watakayopewa vijana wao.

Nina sababu ya kuogopa, na sababu hiyo iko Tunguu.

Vijana wengi hawajui kwamba visiwa hivi vilikuwa na kituo cha anga za juu kabla ya nchi nyingi za dunia. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, Shirika la Anga la Marekani, NASA, lilijenga Tunguu kituo cha kufuatilia vyombo vya mradi wake wa Mercury, uliowapeleka Wamarekani wa kwanza angani. Tarehe 20 Februari 1962, John Glenn alipoizunguka dunia mara tatu, waliomfuatilia alipokuwa akilivuka bara la Afrika walikuwa watu wa kituo cha Kano kule Nigeria, kisha watu wa Zanzibar, kisha wa meli iliyokuwa katika Bahari ya Hindi. Zanzibar ilikuwamo katika mnyororo huo. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 serikali mpya ilitaka kituo kiondoke, na Aprili ya mwaka huo huo kikafungwa. Kazi yake ikaendelezwa Tananarive, Madagascar.

Uamuzi ule siugombi. Zilikuwa zama za vita baridi, na wananchi walikuwa na haki ya kuuliza mitambo ile ilikuwa ikimsikiliza nani. Ninachokiangalia mimi ni mzigo. Mitambo iliingia nchini ikiwa mali ya mwengine, ikaendeshwa kwa faida ya mwengine, na ilipoondoka hatukubaki na fundi wala mtambo ambao tungeweza kuusimamisha tena wenyewe. Mgeni njoo, mwenyeji apone, wasemavyo wazee. Mgeni huyu alikuja na akenda zake, na mwenyeji hakupona chochote. Leo Tunguu ipo kampasi ya Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, SUZA, lakini haikuzaliwa na kituo kile. Katika yale makubaliano ya zamani, sisi tulikuwa kiwanja tu.

Jirani zetu walipitia hayo hayo, ila wao walirudi mezani. Waitaliano walianza kurusha roketi kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi ya Kenya, katika miaka ya 1960. Tarehe 12 Disemba 1970, siku ya sherehe za uhuru wa Kenya, walirusha kutoka hapo satelaiti ya kwanza duniani iliyotengenezwa mahsusi kwa kuchunguza miale ya eksirei itokayo kwenye nyota, na wakaipa jina Uhuru. Jina ni la Kiswahili, lakini chombo kilikuwa cha Wamarekani na roketi ilikuwa ya Wamarekani. Miaka ikapita, Wabunge wa Kenya wakawa wanauliza nchi yao inapata nini. Mkataba mpya uliotiwa saini mwaka 2016 ukaweka kwa maandishi mambo ambayo zamani hayakuwa wazi: mafunzo kwa Wakenya, haki ya kupata takwimu na picha zinazokusanywa, kituo cha kanda cha kuangalia dunia kutoka angani, na msaada kwa wakala wao wa anga za juu. Mambo hayo yalipatikana kwa sababu yaliombwa, yakabishaniwa, yakaandikwa. Kenya ilingoja nusu karne. Sisi tunaweza kuyaandika tangu siku ya kwanza.

Kituo hicho cha Malindi, ambacho leo kinaitwa kwa jina la Mwitaliano Luigi Broglio, kinatufundisha jambo jengine ambalo kwangu mimi, mtu wa biashara, ndilo zito zaidi. Roketi zilikwisha kurushwa pale zamani, lakini kituo hakikufa. Kinaishi kwa kusikiliza. Satelaiti zinazozunguka karibu na ikweta hupita juu yake kila mzunguko, mara nyingi kwa siku, na kila zinapopita zinashusha taarifa zilizokusanya. Darubini ya Marekani iitwayo NuSTAR, iliyorushwa mwaka 2012, inazunguka katika njia iliyoinama nyuzi 6 tu kutoka ikweta, na Malindi ndiyo inayopokea taarifa zake. Mji wetu wa Zanzibar uko nyuzi 6 kusini ya ikweta. Pemba iko nyuzi 5. Mwenyezi Mungu ametuweka mahali ambapo wengine wanalipa fedha za kigeni kupafikia.

Ndiyo maana siwashauri muote kurusha roketi kutoka Pemba. Hiyo ni kazi ya fedha nyingi na hatari nyingi, na visiwa vyetu vimejaa watu. Nawashauri muweke katika mkataba kituo cha kupokelea mawimbi ya satelaiti, kijengwe Unguja au Pemba, kimilikiwe na Serikali, kiruhusiwe kuwauzia huduma wageni pale satelaiti yetu inapokuwa upande wa pili wa dunia. Sitaki niwatie tamaa ya uongo: satelaiti zinazopita juu ya ncha za dunia, ambazo ndizo nyingi katika zile za kupiga picha, zinaonekana mara chache kwa siku kutoka hapa kwetu, na wenye vituo kaskazini ya mbali wanatushinda kwa hizo. Lakini kwa zile za ukanda wa ikweta hatushindwi. Hiyo ni bidhaa ya kusafirisha nje isiyohitaji meli. Pa kukijenga pia papo. Pale pale Tunguu, ndani ya SUZA.

Sasa niingie kwenye hesabu, maana ndiko ninakojua.

Satelaiti ni bidhaa ya namna yake. Haishuki gatini. Chukueni Taifa-1 ya Kenya. Wahandisi wa Kenya waliisanifu, ikaundwa kwa kushirikiana na kampuni ya EnduroSat ya Bulgaria, ikapandishwa kwa roketi ya SpaceX kutoka California tarehe 15 Aprili 2023. Haikupita Mombasa, na hapana ofisa wa forodha wa Kenya aliyeifungua sanduku. Na bado ni bidhaa iliyonunuliwa kutoka nje. Miongozo ya Umoja wa Mataifa ya takwimu za biashara inataka satelaiti ihesabiwe pale umiliki wake unapohama kutoka kwa mkaazi wa nchi moja kwenda kwa mkaazi wa nchi nyengine, hata kama chombo chenyewe hakikukanyaga ardhi ya mnunuzi. Kwa hivyo mzigo wenyewe ni karatasi ya umiliki. Gharama ya kuirusha inaandikwa mbali, kama huduma ya uchukuzi. Bima nayo mbali. Madishi makubwa ya kupokelea na redio zake yanaingia sura ya 85, na hayo ndiyo peke yake yatakayopita mikononi mwa watu kama mimi.

Nayasema haya kwa sababu ununuzi uliogawika hivyo ni rahisi kupotea katika vitabu. Ofisi ya Mtakwimu Mkuu wa Serikali hapa Zanzibar hutoa takwimu za biashara yetu ya nje, na ndani yake karafuu na mwani wa Zanzibar vinaonekana waziwazi. Satelaiti ya Muungano itakaponunuliwa, fungu la Zanzibar katika gharama na katika mapato yake litaandikwa wapi? Ushuru wa forodha, mambo ya nje, posta na simu na utabiri wa hali ya hewa ni mambo ya Muungano. Ardhi na uvuvi wa pwani si ya Muungano. Satelaiti inagusa yote hayo kwa pamoja, na kitu kinachogusa ofisi zote huishia kutokuwa na mwenyewe. Mali bila daftari hupotea bila habari. Waheshimiwa wa fedha wa pande zote mbili, kubalianeni daftari kwanza.

Na hiyo karatasi ya umiliki ihame lini? Hapa naomba msikilize kwa makini, kwa sababu fedha za umma zimewahi kupotea hapa katika bara letu. Nigeria ilirusha satelaiti yake ya mawasiliano, NigComSat-1, Mei 2007, ikaundwa na kurushwa na Wachina. Novemba 2008 ikaharibika kwa hitilafu ya umeme wake, muda mrefu kabla ya umri wake kutimia. Nyengine ya kuziba pengo ikarushwa Disemba 2011, kwa sababu bima ilikuwapo. Angola ilirusha AngoSat-1, iliyoundwa na Warusi, tarehe 26 Disemba 2017, na haikupata kufanya kazi iliyonunuliwa kwayo. AngoSat-2 ilipanda Oktoba 2022, na Angola haikulipa upya kwa sababu makubaliano yalikuwa yameiweka hatari ile kwa upande mwengine. Mkulima wa Pemba anayepeleka karafuu zake kituoni hakubali hesabu mpaka asimame mwenyewe mbele ya mizani. Na satelaiti ni hivyo hivyo: ipokelewe ikiwa angani, imekwisha kufunguka, imekwisha kujaribiwa, na mafundi wetu wameisikia kwa masikio yao kutoka kituo chetu. Muuzaji anayetaka umiliki uhame mlangoni mwa kiwanda chake anataka tuubebe sisi msiba wa njiani.

Liko pia suala la masharti ya nchi zinazouza, ambalo nitalipita upesi. Kuanzia mwaka 1999 mpaka 2014 sheria za Marekani ziliziweka satelaiti za biashara katika orodha moja na silaha, na hata baada ya kulegezwa, kifaa kidogo cha Kimarekani ndani ya chombo kinaweza kuhitaji kibali cha Washington kabla ya kuuzwa au kuhamishwa kwenda kwa mwengine. Muulizeni muuzaji, kwa maandishi, kila kifaa kimetoka wapi na kina sharti gani.

Kisha tujiulize tunanunua macho ya kuangalia nini. Picha za satelaiti zake za Landsat, Marekani iliziachia bure tangu mwaka 2008. Satelaiti za Ulaya za Sentinel-2 zinapiga picha visiwa hivi kila baada ya siku chache, na picha zake ni bure pia. Meteosat za Ulaya ndizo zinazotuonesha mawingu, na zilikuwa miongoni mwa macho ya watabiri wetu Mei 2024 kimbunga Hidaya kilipokuwa kinaelekea Mafia. Hakuna haja ya kutoa fedha za walipa kodi kununua tunachopewa bure. Lakini doa moja la picha ya Sentinel-2 ni mita 10 kwa mita 10. Ngarawa inapotea ndani yake. Kamba za mwani za akina mama wa Paje na Jambiani zinapotea ndani yake. Nyumba mbili za Ng'ambo zinakuwa doa moja.

Na hapo tunao ushahidi kwamba watu wetu wakipewa chombo wanafanya kazi. Kuanzia mwaka 2016, Kamisheni ya Ardhi ya Zanzibar pamoja na SUZA, kwa msaada wa Benki ya Dunia, walirusha ndege ndogo zisizo na rubani na kuipiga picha Unguja na Pemba kwa undani ambao satelaiti hazikuwa nao. Vijana wa Kizanzibari ndio waliokuwa wakizirusha na kuziunganisha zile picha. Hatuanzi kutoka sifuri. Mauritius, kisiwa kama sisi, ilirusha satelaiti yake ndogo ya kwanza, MIR-SAT1, mwezi Juni 2021, kwa nafasi iliyotolewa na Umoja wa Mataifa na Japani kupitia chumba cha Wajapani kiitwacho Kibo katika Kituo cha Kimataifa cha Anga. Kenya ilikwisha kupita mlango huo mwaka 2018, na wanafunzi wa Uganda na Zimbabwe waliunda zao katika chuo kikuu kimoja cha Japani, zikapanda mwaka 2022. Waheshimiwa, kabla ya ile satelaiti kubwa, au sambamba nayo, waombeeni vijana wa SUZA nafasi kama hiyo. Kijana aliyeunda satelaiti ndogo kwa mikono yake ndiye atakayejua kumuuliza muuzaji wa satelaiti kubwa maswali yanayostahili.

Nimebakisha jambo ambalo haliwezi kungoja satelaiti yetu.

Upo mfumo wa uokozi uitwao Cospas-Sarsat. Waliuanzisha Wasovieti, Wamarekani, Wakanada na Wafaransa katika miaka ambayo hawakuwa wakipatana karibu kwa lolote, na tangu mwaka 1982 umekuwa ukiokoa watu. Mtu aliyezamiwa na chombo au aliyepotea baharini anawasha kifaa kidogo, kifaa kinatoa mawimbi ya megahezi 406, satelaiti zinayasikia popote duniani, na mahali alipo panajulikana. Huduma yenyewe hailipiwi. Kinachonunuliwa ni kifaa, na kile cha kuvaa mtu mmoja kinauzwa dola mia kadhaa tu.

Sisi ni watu wa bahari. Tarehe 10 Septemba 2011 MV Spice Islander ilizama usiku ikienda Pemba, na tarehe 18 Julai 2012 ikafuata MV Skagit ikitokea Dar es Salaam. Mola awarehemu wote. Hizo ni meli, na dunia nzima ilizisikia. Lakini wavuvi wa Kojani wanaokwenda dago, yaani kupiga kambi ya uvuvi mbali na kwao, watu wa Makangale na Mkoani wanaovuka mkondo wa Pemba kwa mashua wakati wa kusi, wakipotea husikiwa na majirani zao tu. Mteja wangu mmoja aliagiza vifaa hivyo kwa ajili ya boti zake za uvuvi. Mzigo ulikaa ghalani huku karatasi zikizunguka. Ofisi moja ikauliza kama ni redio, nyengine ikauliza kama ni chombo cha uongozaji, ya tatu ikataka kibali ambacho ya pili haikukijua. Kila siku ya ghala ina malipo yake. Mwishowe aliutoa, lakini hakuagiza tena, na mwenzake aliyekuwa akingoja kuona mambo yatakavyokwenda hakuagiza kabisa.

Hilo linaweza kurekebishwa bila ya roketi. Vifaa vya kuomba uokozi viwekwe waziwazi katika orodha ya vinavyosamehewa ushuru na kodi ya ongezeko la thamani, kibali cha aina ya kifaa kitolewe mara moja kwa wote badala ya kwa kila mzigo, na iwepo daftari moja Zanzibar ya kusajili kila kifaa na mwenye chombo, kwa sababu kifaa kisichosajiliwa kinapolia hakuna anayejua ni nani wa kumpigia simu. Mamlaka ya Kusimamia Uvuvi wa Bahari Kuu, yenye makao yake Fumba, inazifuatilia meli kubwa za kigeni kwa satelaiti katika bahari kuu yetu. Meli ya mgeni inajulikana ilipo kila siku. Mvuvi wetu naye anastahili kujulikana alipo siku moja anapohitaji.

Najua mna mengi mezani, na Muungano una taratibu zake. Kwa hivyo naomba mambo mawili yafanyike mapema. Hilo la vifaa vya uokozi liingizwe katika bajeti inayokuja, maana halihitaji mkataba na mtu yeyote. Na rasimu ya ununuzi wa satelaiti itakapokuwa tayari, iletwe Chukwani mbele ya Baraza la Wawakilishi ikiwa bado ni rasimu, na vifungu vya kituo cha Tunguu, mafunzo, haki ya picha na mapokezi ya angani visomwe kimoja kimoja. Sisi mawakala wa forodha tuko tayari kukaa na wataalamu wenu kuipitia orodha ya vifaa vyote vitakavyoingia, sura kwa sura, bila ya malipo.

Wasalaam,

Wakala wa forodha,
Malindi, Unguja

Nakala: Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, Ofisi ya Mtakwimu Mkuu wa Serikali, Zanzibar, jumuiya za wavuvi za Unguja na Pemba.